Haya ya Paskalina

Paskalina si jina lake. Alilichagua mwenyewe aliponiruhusu kusimulia, baada ya kuhama Mwanjelwa, Mbeya.

Wakati huo alikuwa mpishi wa chekechea moja karibu na soko. Alipougua kifua kikuu, aliwekewa programu kwenye simu ya kumkumbusha dawa. Akameza zote, akapona. Siku moja programu ikatuma ujumbe kwa kila namba iliyokuwa kwenye simu yake: "Mkumbushe Paskalina dawa ya TB." Mwalimu mkuu naye akaupata. Wazazi wakaja juu, na mpishi akarudishwa nyumbani.

Dokta Catherine Sayi akalisikia jambo hilo. Anafundisha sheria na teknolojia chuoni Iringa, na mimi Jailos ni karani wake. Huyu binti wa wafugaji wa Usangu akilishika jambo haliachii. Tulikwenda Mbeya mara nne, mgongo wangu ni shahidi.

Kwenye usuluhishi, ambako Dokta alimsemea Paskalina, Obeid, wakili wa kampuni ya programu, alikuwa na jibu moja. "Aliulizwa kama tuzitumie namba zake. Akabonyeza HAYA. Basi alikubali."

Nikaona tumekwisha. Kitufe kiliandikwa hivyo kweli.

Dokta akavua miwani. "Wakili, kesho kwetu Usangu tunaogesha ng'ombe. Uje utusaidie."

Obeid akacheka. "Haya, mama."

"Jailos, andika. Nampitia saa kumi na moja alfajiri. Aje na gambuti."

"Jamani! Mimi sijakubali!"

"Umesema haya."

"Nimeitikia tu, mama, kwa heshima..."

Hakumalizia. Msuluhishi, mzee Bartholomeo, alikuwa ameinama anacheka mpaka mabega yanatikisika. Nani hajamwambia mama mkwe "haya" ili maneno yaishe?

Kampuni ikazifuta namba na kuomba radhi kwa barua, shuleni na kwa kila aliyepata ujumbe. Paskalina akarudi kwenye sufuria zake. Nilijivuna, nasema wazi, utadhani mimi ndiye niliyebishana.

Dokta alikuwa ameshaandika makala juu ya shauri lile. Miezi mitano ya kazi, na ndiyo pekee iliyobaki ili awe profesa. Jina la mpishi alikuwa ameliondoa. Hata hivyo alimpigia Paskalina, nami nimekaa hapohapo, akamuuliza kama aichapishe.

Sauti ya Paskalina ikasikika kwenye spika: "Haya, dokta."

Mimi nikashusha pumzi. Dokta hakushusha.

"Dada, usinistahi. Wewe mwenyewe unataka?"

Tukamsikia Paskalina akifunga mlango.

"Hapana, dokta. Hata bila jina, hapa Mwanjelwa watanijua tu."

"Asante kwa kuniambia."

Akakata simu, akaifuta makala yote mbele ya macho yangu. Machozi ya hasira yalinitoka. Yeye akaniuliza kama bado kuna chai.