Mgongo wa Mzee Ghaith

Jaifar alikuwa kavaa nyeusi juu mpaka chini, kama kawaida yake, katika joto la Maskati ambalo hata paka wa Matrah hulikimbia wakajificha chini ya magari. Nasriya, dada yake mkubwa, alimtazama akihamisha viti sebuleni kwa mama yao na kushusha mapazia mchana kweupe. Alijiuliza ni nani aliyempa mtu huyu kazi ya kufiwa kila siku.

Jaifar alikuwa mwongozaji filamu, na filamu yake isiyo na maiti ilikuwa bado haijazaliwa. Alianza na wavuvi waliozama Qurayyat. Akaja na mlinzi aliyechinjwa ghalani Rusayl, kisha mwanamke aliyefungiwa chumbani mpaka akapotewa na akili, akafa. Ulaya wakampa tuzo, magazeti yakamwita mtu asiyeliogopa giza. Nasriya alipoyasoma hayo alicheka mpaka chai ikampalia. Huyo asiyeliogopa giza alilala na taa mpaka siku aliyooa, na akiona mende hupanda kitini akamwita dada yake aje na kandambili.

Alipougua baba yao, Mzee Ghaith, Nasriya ndiye aliyemlisha na kumgeuza, ndiye aliyemsugua mafuta mgongoni penye makovu yake mapana ya moto. Mzee alichomwa chuma cha moto, dawa ya kienyeji, akiwa kijana, alipotoka Unguja na maradhi ya manjano, ndugu zake wakampeleka kwa mganga Qurayyat. Halafu maisha yake yote akafanya kazi serikalini, akiwahimiza watu waende hospitali waachane na kuchomwachomwa. Kwa haya hiyo, fulana haikumtoka mwilini mbele ya mtu, hata mbele ya wanawe, mpaka maradhi yalipomlaza. Jaifar alikuwa akifika mpaka mlango wa wodi, akanusa dawa, akakumbuka kuwa ana kikao.

Siku mzee alipofariki, alisubiriwa Jaifar. Kwao, mtoto wa kiume akiwepo ndiye wa kwanza kushika maji ya kumwosha baba yake. Nasriya alimwona kwa dirisha la jikoni. Alikuwa garini, injini inanguruma, kiyoyozi kinampuliza, macho kwenye simu. Mwisho Marhoon, mtoto wa ami yao, akakunja mikono ya kanzu, akaingia, akamwosha mzee. Jaifar alitokeza sanda ilipokwisha kufungwa. Mama yao, Bi Rahila, akauliza nani kamwosha.

"Mimi, mama," akasema Jaifar.

Kanzu yake haikuwa na tone la maji. Marhoon, mikono ya kanzu ingali imelowa, alisikia, akainamisha kichwa, akaenda kubeba jeneza.

Nasriya alitaka kusema, akamwangalia mama yake, akaumeza ulimi. Miaka miwili sasa kila alfajiri Bi Rahila humwombea mwanawe aliyemstahi baba yake mpaka mwisho, na dua ile ndiyo iliyompa usingizi na kumrudisha kwenye sahani ya chakula. Nasriya aliusitiri uongo ule kwa ajili ya mama, wala si kwa ajili ya yule kinyago mwenye miwani ya jua ndani ya nyumba.

Na kinyago hakutosheka. Filamu mpya ilikuwa ni ya mtoto anayemwosha baba yake. Kwenye televisheni Jaifar alishanyoosha viganja vyake laini mbele ya watu, akasema, "Mikono hii ndiyo iliyomwosha." Leo kaja kumwonesha mama filamu kabla ya watu wengine, na kamleta Philip, Mkenya anayemshikia kamera, amrekodi mama akilia. Machozi yale yangetumika kwenye tangazo.

"Machozi ya mama'ko unayauza?" Nasriya alimuuliza ukumbini.

"Nasriya, hii ni sanaa. We huifahamu."

"Naifahamu. Nilikuwa jikoni siku ile, dirisha liko wazi."

Jaifar akaenda kumwonesha Philip pa kuweka kamera.

Bi Rahila alikaa, akajifunga vizuri mtandio wake kwa ajili ya mgeni. Philip akamwelekezea kamera kwa adabu. "Shikamoo, mama. Ukichoka uniambie, sawa?"

Filamu ikaanza ukutani. Mwigizaji kijana mwenye ndevu za Jaifar alimimina maji polepole, muziki ukaomboleza, na Bi Rahila kweli akatokwa na machozi. Jaifar akamfinyia Philip jicho amsogelee. Nasriya alimchukia sana wakati ule. Hapo kijana kwenye filamu akamlaza mzee ubavu, na mgongo ukajaa ukuta mzima. Ulikuwa mgongo mweupe, laini, hauna hata kovu.

Nasriya akageuka kumtazama mama yake. Bi Rahila alikuwa kaacha kulia.

"Simamisha," alisema. "Jaifar, huyu ndo baba'ko?"

"Ndiye, mama. Nimeonesha kila kitu kama kilivyokuwa."

"Mgongo wake ulikuwaje?"

Jaifar alimtazama dada yake. Ilikuwa mara ya kwanza kumwomba msaada bila ya kuwako mende. Nasriya akatazama zulia.

"Mgongo… mgongo wa kawaida tu, mama. Wa mtu mzima."

Bi Rahila alitikisa kichwa taratibu. "Ulimwosha nani, mwanangu?"

Jaifar akaona taa nyekundu ya kamera bado inawaka.

"Zima," akamwambia Philip. "Zima, khalas!"

Philip alikwishaishusha kamera zamani, kaielekeza sakafuni.

Bi Rahila alijifuta uso kwa ncha ya mtandio. Hakupiga kelele wala hakumtazama tena mwanawe.

"Nasriya, kumbe alimwosha Marhoon? Ndiye niliyemwona kalowa kanzu siku ile."

"Ndiyo, mama."

"Basi mpigie simu aje. Nna dua zake za miaka miwili, nimezipeleka kwa mtu siye."