Dada wa Bi Tsehay

Mlango wa bati ulikataa kutoka. Emama Asnakech, 'mama' wa mtaa mzima, aliushika huku, Yetnayet kule, wakavuta mpaka bawaba zikalia. Tingatinga lilikuwa limefika nyumba ya tatu. Vumbi lilimpaka kizee nyusi nyeupe, na bado alikuwa anacheka.

"Vuta, mwanangu! Au mikono hiyo inajua brashi tu?"

Yetnayet alizaliwa mtaa huohuo wa Addis Ababa. Alichora, alirekodi watu, kisha akaigiza mwenyewe mbele ya hadhira, mwili wake ukibeba kumbukumbu za wengine. Mtaa ulipoamriwa kubomolewa, alipita nyumba kwa nyumba na simu yake. Kwa Emama Asnakech aliomba vitu viwili: mlango, na sauti. Sauti alikwishaipata wiki iliyotangulia.

Siku hiyo ya kurekodi, kahawa ilimiminwa mara tatu kabla ya neno la maana kutoka.

"Mimi ni dada yake marehemu Bi Tsehay," kizee alisema. "Kila mtu anajua."

"Emama, hayo ni ya ofisini. Mimi nataka ya moyoni. Hii ni sanaa tu, haiendi popote."

Asnakech aliyatazama makaa. Kisha akasema. Aliingia nyumba ile ana miaka kumi na miwili, mtumishi wa ndani, na hakulipwa hata birr moja. Bi Tsehay, asiye na mume wala mtoto, alimwambia akiwa kitandani pa kufia: kuanzia leo wewe ni dada yangu, waambie hivyo. Majirani wakaapa pamoja naye ofisini kwamba ni ndugu, nyumba isimpotee. Siri hiyo ilikuwa imedumu miaka ishirini na sita.

"Sijawahi kuyatamka kwa kinywa changu," alisema, akifunika mdomo kwa aibu. "Najiona mwepesi, utadhani nimetua mtungi."

Onyesho lilifanyika katika ukumbi wa serikali. Ukutani palisimama mlango, na kando yake nyuso alizozichora Yetnayet kwenye vipande vya bati. Yeye mwenyewe alivaa aproni, akapiga magoti, akasugua sakafu kwa majivu huku akirudia maneno ya Asnakech, moja baada ya jingine. Watu walilia. Ato Gebeyehu, yaani Bwana Gebeyehu, mkuu wa makazi wa ofisi ya mtaa, aliyekaa safu ya mbele, alilia pia. Baadaye alivaa vipokea sauti vya masikioni vilivyoning'inia kando ya mlango, akasikiliza rekodi yote ya Asnakech. Akairudia. Yetnayet alimwona kwa mbali, akafurahi.

Orodha ya waliobomolewa wanaopewa vyumba vipya ilipobandikwa, jina la Asnakech halikuwemo.

"Kazi yako ilinigusa sana, dada," Ato Gebeyehu alimwambia ofisini, akimvutia kiti. "Mke wangu nimemsimulia."

"Emama Asnakech hayumo kwenye orodha."

"Nyumba ilikuwa ya Tsehay. Ndugu anarithi haki ya makazi. Mtumishi harithi. Sikusema mimi, kasema mwenyewe, kwa sauti yake."

"Nilibuni. Ni sanaa, Ato Gebeyehu."

"Ulibuni?" Alifungua droo, akatoa kijitabu cha onyesho. "Hapa umeandika, 'sauti za kweli za watu wa kweli'. Na nasikia Wajerumani wamekualika kwa sababu hiyohiyo." Alisukuma karatasi tupu, juu yake akaweka kalamu. "Haya. Andika kwamba ulidanganya, utie sahihi. Mimi nitamrudisha bibi kwenye orodha sasa hivi, na nakala nitawapelekea waliokualika. Si ndiyo haki?"

"Nipe mpaka kesho."

"Kesho orodha inapelekwa kwa wakubwa, haibadiliki tena."

Yetnayet aliishika kalamu. Aliandika jina lake, la kwanza tu. Viza ilikuwa imetoka Jumatatu. Miaka kumi na moja alikuwa akichora kwenye chumba kinachovuja. Nje mtu alicheka kwenye korido. Ato Gebeyehu alisubiri bila haraka, akipangusa miwani yake.

Yetnayet aliilaza kalamu mezani, taratibu, kama kitu kinachoweza kuamka.

"Nilidhani hivyo," alisema yule bwana, kwa upole kabisa. "Safari njema."

Zilipita siku kumi na moja ndipo Yetnayet akapata miguu ya kwenda kumwona Asnakech. Waliokosa vyumba walikuwa wamejibanza nje ya ukuta wa kanisa, chini ya nailoni. Alibeba mikate ya injera, mchuzi wa shiro na machungwa. Njiani alikuwa ameyapanga maneno: Emama, ni mimi. Ni mimi niliyekuponza.

Asnakech alimbusu mashavu yote mawili, mara tatu.

"Umekonda! Hawakulishi hao Wajerumani wako? Mimi usinihofie, karani amenisahau tu, wanaandika haraka hawa. Watanirekebishia, mimi na hawa wenzangu."

"Emama, nataka kukwambia..."

"Ngoja kwanza." Kizee aligeuka, akapiga makofi. "Jamani! Ndiye huyu niliyewaambia! Huyu ndiye anayetuweka tusipotee. Njooni, msimwogope, mwambieni yote!"

Wanawake walitoka chini ya nailoni mmoja mmoja, wakijipangusa midomo, wakirekebisha shuka. Foleni ikaanza kujikunja kufuata ukuta. Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni alikaa chini mbele ya Yetnayet, akatazama huku na huku, akashusha sauti.

"Nyumba ile," alianza, "kusema kweli haikuwa yangu."