Koni ya Kona ya Mwisho

Aristides ndiye aliyemfundisha mke wake kuendesha gari, na kwa miaka mingi hilo lilikuwa jambo alilopenda kulisimulia. Alimfundishia kwenye barabara ya udongo inayopanda kutoka mjini Moshi kwenda kwao Kibosho, tena msimu wa mvua, kwa kuwa aliamini kwamba aliyezoea tope hatasumbuliwa na lami. Hilaria alizimisha gari mara nyingi, siku moja akaliegemeza kwenye migomba ya watu, kisha akajua. Baadaye akaanza kukusanya maziwa ya majirani na kuyashusha mjini kwa pikapu kila asubuhi, keni zimejaa hadi shingoni, na hamwagi. Aristides, ambaye kazi yake ilikuwa kuwapeleka watalii mbugani, aliwaambia wenzake kwa fahari kwamba yule ni mwanafunzi wake.

Autokrosi, mashindano ya magari ya uwanjani, waliiingia pamoja. Walinunua gari dogo, Starlet nyeupe, kutoka kwa nesi mmoja mstaafu, wakang'oa kiti cha nyuma, zulia na redio, wakachomelea vyuma ndani ili likibiringika paa lisiwabonyee. Gari lilikuwa moja na madereva wawili, kwa hiyo mlangoni walibandika namba mbili. Klabu yenyewe haikuwa ya mabingwa. Kulikuwa na mwalimu wa sekondari, daktari wa meno, wauza vipuri, na Sirili mwenye mashine ya kukoboa kahawa, aliyekuja na Subaru inayosikika kabla haijaonekana. Wakikutana, hupanga koni za plastiki kwenye uwanja wa vumbi, na kila mtu anazizunguka peke yake huku anapimiwa muda. Ukiangusha koni, unaongezewa sekunde. Aliyemaliza zamu yake anashika bendera na kwenda kusimama kwenye koni kuwaangalia wenzake, maana hakuna pesa ya kuajiri wasimamizi. Wanaaminiana.

Msimu ule shindano la mwisho lilifanyika kwenye uwanja ulio nje kidogo ya Himo. Mshindi angeiwakilisha klabu Arusha. Mlima ulijionyesha asubuhi, ukajifunika mapema, na vumbi likabaki peke yake. Aristides aliendesha vizuri kuliko alivyowahi kuendesha. Alipotoka kwenye gari watu walimpiga mabega, na Evelyn, aliyekuwa akipima muda, akatangaza kwamba hakuna aliyemfikia. Akampa mkewe kofia ngumu ikiwa bado na joto la kichwa chake, akachukua bendera nyekundu, akaenda kusimama kwenye kona ya mwisho.

Hilaria alikuwa wa mwisho kuingia. Aristides hakuhitaji saa. Alilisikia gari lake mwenyewe likiimba sauti ambayo yeye hakuwahi kuitoa, bila kupayuka, gia zikiingia kama mtu anayefunga mlango ndani kuna mtoto amelala. Akaona koni zikipitwa moja baada ya nyingine, karibu kiasi kwamba ungedhani zinasogea kumpisha. Akajua ameshindwa. Tena ameshindwa na mwanafunzi wake, kwa gari lile lile, mbele ya watu waliomsikia akisimulia.

Starlet ilikata kona ya mwisho kwa ubavu, ikarusha vumbi zito hadi likamfunika mpaka kichwani. Ndani ya vumbi lile aliiona koni imesimama wima. Mguu wake ukatoka. Hakupanga, au ndivyo alivyojiambia baadaye, lakini mguu ulitoka, ukaisukuma koni ikalala, na mkono ukainua bendera.

Vumbi lilipotulia, Hilaria alikuwa ameshavuka mstari na watu wameanza kushangilia. Evelyn aliiona bendera, akatazama koni iliyolala, akaongeza sekunde. Makofi yakapungua, kisha yakaanza upya, safari hii kwa Aristides. Melkior, mwenyekiti wa klabu, alimkabidhi kombe na kumwambia ajiandae kwa Arusha. Kwenye picha waliyopiga, Hilaria anatabasamu akiwa amemshika mumewe mkono.

Walirudi nyumbani kwa pikapu, wakiivuta Starlet kwa nyuma. Walipokaribia mjini ndipo Hilaria akasema taratibu:

"Baba Ronald, ile koni niliigusa na nini?"

"Tairi la nyuma. La kushoto."

"Sikuisikia," akasema Hilaria.

"Kwa kasi ile usingeisikia."

Hakuuliza tena. Aristides alitazama barabara na kusikia uso wake ukiwaka. Kuangusha koni kulikuwa kitendo cha kufumba na kufumbua. Mtu angeweza kusema shetani alimpitia. Lakini lile tairi la kushoto alilitunga akiwa ametulia, mikono yote iko kwenye usukani.

Jioni Sirili alimpigia simu. Alisimamia kona ya jirani siku ile, upande ambao vumbi halikufika, akaona yote, akamwambia asiwe na wasiwasi, siri ni yao. Alicheka kwa upole, kama kaka. Alisema hata yeye angefanya vivyo hivyo, kwa sababu mwanaume hawezi kushindwa na mkewe hadharani halafu akaenda kula chakula chake. Aristides alitaka kumjibu kwamba yeye si mtu wa namna hiyo. Badala yake akamshukuru. Alipokata simu alijisikia kama mtu aliyeshikwa mkono na mlevi njiani, watu wanaona, na hawezi kujinasua kwa kuwa kweli wanafahamiana.

Siku zilizofuata alingoja kulaumiwa, na lawama haikuja. Kilichokuja kilikuwa kibaya zaidi. Hilaria alianza kuendesha kwa mashaka. Mtu aliyekuwa akipitisha pikapu kati ya ukuta na mfereji bila kugeuza shingo, sasa alisimama kwenye daraja dogo la kuingilia kihambani kwao, shamba la migomba linalozunguka nyumba, akashuka, akatazama matairi, akapanda tena. Asubuhi moja alirudi kutoka mjini na maziwa yamemwagika kwenye sakafu ya pikapu. Alipokuwa akiosha, alimwambia mumewe kwamba labda macho yameanza kuchoka, au labda ni masikio, maana siku hizi halisikii gari vizuri kama zamani. Alisema hivyo bila kulalamika. Aristides alichukua ndoo akamsaidia kumwagia maji.

Alijiahidi kwamba atasema ukweli Jumapili baada ya misa. Jumapili walikuja wageni. Akajiahidi kwamba atasema mtoto wao Ronald akirudi likizo, kisha akaona haifai kumwambia mke jambo kama hilo mbele ya mtoto. Kila siku ilikuwa na sababu yake nzuri, na kila sababu ilimwongezea uzito.

Kabla ya safari ya Arusha, Melkior aliwaalika wanaklabu nyumbani kwake kumuaga mwakilishi wao. Kulikuwa na mbuzi wa kuchoma, ndizi na mbege, ile pombe ya ndizi na ulezi. Wanaume walikaa chini ya mti wa parachichi, na wanawake, pamoja na Hilaria na Evelyn ambao ni madereva kama wengine, walijikuta wanagawa sahani. Mchana ulikuwa mwema. Mtu mmoja alimsifu Aristides kwa kasi yake, mwingine akasema Hilaria naye alikuwa moto, ni vile tu ile koni.

Sirili alikuwa ameshashika kata ya mbege muda mrefu.

"Koni," akasema, akitikisa kichwa huku anacheka. "Jamani, ile koni ilikuwa na miguu. Mwulizeni Aristides, yeye ndiye aliyeiazima mguu mmoja."

Wawili watatu walicheka kabla hawajaelewa. Kisha wakaelewa, na kicheko kikafia midomoni. Hilaria alikuwa amesimama na sahani ya ndizi mkononi, akimwinamia mwalimu wa sekondari. Alimpa mwalimu sahani yake vizuri, akahakikisha ameishika, ndipo akageuka.

"Baba Ronald. Ni kweli?"

Aristides alikuwa na maneno aliyoyaandaa kwa majuma. Yalikuwa na mwanzo mzuri, yalizungumza juu ya mapenzi na udhaifu wa binadamu. Aliyatafuta, hakuona hata moja. Watu wote walikuwa wanatazama viatu vyao, isipokuwa Evelyn.

"Ni kweli," akasema. "Hukuigusa. Niliiangusha mimi."

Hilaria akaitikia kwa kichwa, taratibu, kama mtu anayeambiwa njia ya kufika mahali. Akamnyooshea mkono. Aristides hakuelewa anataka nini, mpaka alipoona anatazama mfuko wa shati lake. Akatoa funguo za pikapu akampa. Hilaria alimuaga mke wa Melkior kwa heshima zote, akamshukuru kwa chakula, akaondoka.

Melkior alisema yaliyopaswa kusemwa. Alisema klabu haina kitu kingine zaidi ya uaminifu, kwamba matokeo yatarekebishwa siku hiyo hiyo na Hilaria ndiye atakayekwenda Arusha, na kwamba Aristides hatashika usukani wala bendera msimu mzima unaokuja. Alisema bila hasira. Hapo hapo Sirili alianza kuomba radhi, akidai kwamba alitania tu.

Aristides alikataa lifti akarudi kwa miguu. Mfereji uliimba pembeni, na kila baada ya nyumba chache alikutana na mtu anayemfahamu. Vijana walimwamkia. Mzee mmoja aliyebeba majani ya ng'ombe alisimama kabisa, akaweka mzigo chini, akampa mkono kumpongeza kwa kuchaguliwa kwenda Arusha kuwakilisha Kilimanjaro. Aristides akauchukua ule mkono. Akasema asante, mzee. Alipofika mbele akataka kurudi amwambie ukweli, lakini mzee alikuwa ameshajitwika mzigo wake na kupotea migombani.

Habari zilimtangulia nyumbani. Mama yake, aliyeishi nyumba ndogo ya nyuma, hakumkemea. Aliitikia shikamoo yake, akaenda ukingoni mwa kihamba ambako masale yameota kama mpaka, akachuma jani moja refu, akamletea. Mchaga yeyote anajua maana yake: ukimkosea mtu ukamwendea na sale, anapaswa kukusamehe. Mama alisema baba yake Aristides aliwahi kumletea yeye lake, na kwamba hajawahi kumwambia mtu ni kwa kosa gani.

Hilaria alikuwa bandani anakamua. Aristides alisimama mlangoni, jani mkononi, kama mgeni asiyejua kama kuna mbwa.

"Mama Ronald."

Aliinua macho, akaliona jani, akarudi kwenye chuchu za ng'ombe. "Usinipe hilo," akasema.

"Nimekuja kuomba..."

"Najua ulichokuja kuomba. Ukinipa hilo siwezi kukataa. Na mimi kwa sasa nataka niwe na uwezo wa kukataa."

Maziwa yaliendelea kugonga ndoo. Alipozungumza tena, sauti yake ilikuwa imebadilika.

"Kombe ungeniambia tu unalitaka, ningekuachia. Nilidhani nakuwa kiziwi, Baba Ronald. Nilikuwa naamka usiku najipima masikio."

Aristides alitoka akaliweka jani juu ya paa la banda la kuku, kwa sababu hakujua sale lililokataliwa linawekwa wapi.

Juma lile Hilaria hakumkasirikia kwa kelele. Alimpikia, alimwitikia, alimpa chai. Alipomruhusu kuliandaa gari la mashindano, Aristides alifanya kazi kwa uangalifu ambao hakuwahi kuutumia hata kwa magari ya watalii: alibadilisha mafuta, akasafisha breki, akakaza nati za matairi yote. Alipomaliza, Hilaria alikuja na spana yake mwenyewe, akapiga magoti, akazikaza tena nati zote moja moja huku yeye amesimama hapo. Hakufanya hivyo kumkomoa. Alikuwa anakagua tu, kama ambavyo mtu yeyote angekagua kazi ya fundi asiyemjua, na kwa Aristides hapo ndipo palipouma.

Hilaria alikwenda Arusha na Evelyn. Aristides aliomba afuatane nao angalau kubeba matairi, naye akamjibu kwamba maziwa hayatajishusha yenyewe.

Kwa hiyo asubuhi ya shindano yeye ndiye aliyekuwa kwenye pikapu, keni nyuma yake, akishuka pole pole, na bado akamwaga kidogo kwenye kona ya kanisani. Mjini, kila nyumba ilimuuliza Mama Ronald yuko wapi. Katika nyumba ya kwanza alijibu kwamba yuko Arusha kwenye mashindano. Mama mwenye nyumba akashangaa, akasema wao walisikia anayekwenda ni yeye Aristides.

Angeweza kusema mipango imebadilika. Alipima maziwa, akafunika keni.

"Aliyeshinda ni yeye," akasema. "Mimi nilimwangushia koni kwa mguu, nikasema kaiangusha yeye."

Yule mama alimtazama, akatazama maziwa, hakujua afanye nini na uso wake. Akachukua sufuria yake akaingia ndani. Katika nyumba ya pili waliuliza vile vile, naye akasema vile vile, na haikuwa rahisi zaidi. Kwenye mgahawa karibu na stendi wahudumu walicheka. Kwa nesi mstaafu, yule aliyewauzia Starlet, aliambiwa kwamba bora angemuuzia Hilaria peke yake.

Mchana Evelyn alimpigia simu kumwambia kwamba Hilaria ameshika nafasi ya tatu, kati ya watu wenye magari makubwa mno. Kelele zilikuwa nyingi upande ule. Aristides aliomba kuzungumza na mkewe. Akasikia Evelyn akimwita, akasikia sauti ya Hilaria kwa mbali ikisema jambo, na watu wakicheka, kicheko cha furaha. Kisha Evelyn akarudi kwenye simu, akasema Hilaria anauliza kama maziwa yameisha.

Aristides alitazama nyuma ya pikapu. Keni moja ilikuwa bado imejaa nusu, na jua lilikuwa linakaza.

"Mwambie bado kidogo," akasema, akawasha gari.