Mita Mbili na Nusu kwa Mwaka

Kwa wiki tatu Cibalonza aliiota nyumba ambayo haikuwa yake. Katika ndoto aliingia kwa mlango wa mbele, akavua viatu, akapita chumba hadi chumba akifungua madirisha yanayotazama ziwa. Na katika kila chumba alimkuta mwanamume yuleyule, amefunga tai, ameketi kwa adabu na mikono juu ya magoti. Mtu huyo hakusema neno. Aliinuka kidogo kumsalimu, kisha akaketi tena. Cibalonza alipoamka hakuhitaji mtu wa kumfasiria. Alikuwa mhadhiri wa upimaji wa ardhi, hesabu ya riba aliijua, na alijua ni benki iliyomtuma mtu yule.

Nyumba yenyewe ilikuwa mtaa wa Nguba, juu ya mteremko unaoshukia ziwani, ya matofali ya kuchoma na kuta nene. Mwenyewe, mwalimu mstaafu, alikuwa amewafuata wanawe Kinshasa, akaacha ufunguo na bei: dola elfu sabini. Cibalonza na mumewe Delphin walikuwa na elfu ishirini, akiba ya ndoa yao yote. Elfu hamsini zilizobaki benki ilikubali kuwakopesha kwa miaka kumi na tano, kwa riba ya asilimia moja kila mwezi, nyumba ikikaa rehani. Malipo yangekuwa dola mia sita kwa mwezi. Sahihi zilitakiwa Jumatatu.

Delphin, msimamizi wa bohari katika shirika moja la misaada, aliitamka riba ile kwa upole, kama mtu anayetaja jina la mtoto mchanga.

“Asilimia moja, Mama Larissa. Moja. Hata deni ya bia iko inapita hiyo moja.”

Cibalonza alikuwa na jibu tangu siku ya kwanza. Alilizuia kwa sababu alijua mumewe anatafuta nini. Baba yake Delphin alifia mtaa wa Nkafu, katika nyumba ya kupanga, na siku ya tatu ya matanga mwenye nyumba alikuja akafungua kamba za turubai, akisema wapangaji wengine wamelipia utulivu. Waombolezaji wakamalizia kilio barabarani, viti vyao vikiinamia mtaro. Tangu hapo Delphin alipozungumzia nyumba alianza na ua. Na sasa mama yake, M'Zagabe, alikuwa akiishi nao katika nyumba nyingine ya kupanga, palepale Nkafu, na msimu huu wa mvua kikohozi kilikuwa kimemkalia.

Kwa hiyo kabla ya Jumatatu Cibalonza alipaswa kumwambia mumewe bei ya kweli ya nyumba ile, na kumwambia kwa namna ambayo asingesikia kwamba mke wake anamnyima mahali pa kumlilia mama.

Jumamosi asubuhi walichukua ufunguo wakaenda wawili tu.

Ukungu ulikuwa bado umelala juu ya ziwa, mweupe, hauendi mbele wala nyuma, na vilima vya ng'ambo vilionekana kukaa hewani. Jua lilipotoboa, mwanga uligonga maji, ukapanda mteremko, ukaingia madirishani na kuanza kutembea darini. Nyumba tupu ilijaa mawimbi yasiyolowesha kitu. Delphin alivua kofia. Alisema kwa sauti ya chini, kama mtu aliyechelewa misa:

“Unaona? Iko inapumua.”

“Ni maji yanarudisha mwanga.”

“Najua ni maji. Weye unaona ao hauoni?”

“Ninaona,” alisema Cibalonza, na ilikuwa kweli. Alisimama kitambo kirefu kuliko alivyokusudia. Ilimjia kwamba anayajua mapazia yatakayotundikwa pale, rangi yake na vumbi lake, na kwamba binti yao Larissa alishakulia humu, akaolewa, akaondoka. Kisha akafungua mkoba, akatoa utepe wa kupimia na kipande cha chaki.

Nyumba ilikuwa na mita za mraba mia moja na arobaini, dola mia tano kwa kila mita. Alipiga mstari mlangoni mwa sebule, mahali sakafu ya mbao inapokutana na saruji ya ujia.

“Papa Larissa, kuja. Hii saloni iko mita makumi ine. Feza yetu, ile elfu ishirini, inanunua hii. Leo.”

“Yote?”

“Yote. Kutoka hapa kwenda nyuma, mita mia moja, ni ya banki.”

Delphin aliangalia ule mstari. Ulikuwa mwembamba, na mwanga wa ziwa ulipita juu yake ukirudi na kwenda.

“Tutainunua polepole,” alisema. “Si ndiyo kredi?”

“Ndiyo. Tufanye tumelipa mwaka mzima, hatukukosa hata mwezi moja. Elfu saba na mia mbili.” Alishika utepe, akauvuta. Ujia ulikuwa na upana wa mita moja na robo. Alipima mita mbili kwenda ndani, akachora mstari wa pili. “Tumefika hapa.”

Delphin alicheka. Kisha akaona mkewe hacheki.

“Hapa wapi?”

“Hapa. Mita mbili na nusu.”

“Mama Larissa, elfu saba.”

“Mwezi wa kwanza unalipa mia sita. Mia tano ni riba, maana ni asilimia moja ya elfu hamsini. Inabaki mia moja. Hiyo mia moja tu ndiyo inagusa nyumba. Mwezi wa pili inagusa mia moja na moja. Inakwenda vile, kidogo kidogo. Asilimia moja ni ya mwezi, na inahesabiwa juu ya deni yote yenye inabaki.”

Delphin aliingia katika kile kipande cha ujia, akasimama na miguu pamoja. Mabega yake yalikaribia kugusa kuta. Alikuwa mtu mrefu, na pale alifanana na mtu anayengojea lifti katika ndoto ya mji mwingine.

“Krismasi ya kwanza tutaikulia hapa,” alisema.

“Na saloni.”

“Ah, na saloni. Weka mwaka wa tano.”

Cibalonza aliweka mwaka wa tano. Alikwenda na chaki hadi mwisho wa ujia, akazungusha bafu, akasimama.

“Elfu makumi tatu na sita zimetoka. Deni imepungua elfu nane na kidogo.”

“Kwa hiyo miaka mitano tuko na fasi ya kupita na fasi ya kunawa.”

“Ndiyo.”

“Fasi ya kulala?”

“Ya kulala ni ya banki.”

“Basi tutakuwa watu safi,” alisema Delphin, “tunatembea-tembea.”

Wakacheka wote wawili, na kicheko kikaenda vyumbani kikarudi kimekuwa kikubwa zaidi. Cibalonza aliendelea kuchora. Alipita nje ya milango ya vyumba vya kulala bila kuingia. Nusu ya ile mita mia, alisema, wangeifikia baada ya miaka kumi na nusu, Larissa akiwa anakaribia ishirini. Nusu ya pili ingekuja haraka, kwa miaka minne na nusu tu, kwa sababu deni likipungua riba nayo hupungua. Lakini ili kufika huko lazima kwanza upite huku. Mwisho wa yote wangekuwa wamelipa elfu mia moja na nane kwa mkopo wa elfu hamsini. Aliyasema hayo kwa sauti ileile anayotumia darasani, na jua likaendelea kupanda, na mistari ya chaki ikawa kama njia za sungusungu katika nyumba iliyo chini ya maji.

Delphin alikuwa ameketi kwenye kizingiti cha jikoni.

“Na Nkafu?” aliuliza. “Weye unahesabu vizuri, hesabu na Nkafu. Mia mbili na makumi tano kila mwezi, miaka kumi na tano. Ile inatununulia nini? Hata bawaba ya mlango hapana.”

Swali lilikuwa halali. Cibalonza alipiga hesabu palepale sakafuni, na hakulipunguza jibu ingawa halikuwa upande wake.

“Elfu makumi ine na tano. Zinapotea zote. Na kodi itapanda.”

“Unaona.”

“Ninaona. Riba ni elfu makumi tano na nane. Tofauti ni elfu kumi na tatu, na bati, na kodi ya serikali, na bomba zikipasuka. Kwa bei hiyo, mwisho wa miaka kumi na tano, tuko na nyumba. Kama ingekuwa hesabu peke yake, ningeweka sahihi.”

Delphin aliinua kichwa. Uso wake ulikuwa wazi, na Cibalonza alijua kwamba akinyamaza sasa, Jumatatu watakwenda. Mwanga ulikuwa umefika ukutani juu ya kichwa cha mumewe. Ingetosha kuuangalia tu.

“Kontra yako ya kazi inaisha mwezi gani?” aliuliza.

“Wa tatu. Itarudiwa. Inarudiwaka kila mwaka, mara nane sasa.”

“Mara nane, mwaka moja moja. Banki iko inataka kumi na tano kwa mara moja. Mushahara wangu mimi hauko mia sita. Ukikosa kazi miezi ine, nini inafanyika?”

“Tunawaomba wangoje.”

“Barua ya banki inasema miezi tatu. Nyuma yake wanauza.”

“Wanauza ile sehemu yao.” Delphin alionyesha vyumba vya nyuma kwa kidevu, kisha akaona alichokisema, akakishusha taratibu.

“Hii mistari yangu iko inadanganya,” alisema Cibalonza. “Nimeichora ju macho yaone. Katika hati haiko. Mpaka mwezi wa mwisho banki inaweza kuuza yote, na saloni yetu ndani, na ujia, na bafu. Itauza kwa haraka, kwa bei ya haraka. Itajilipa kwanza. Sisi tutapewa chenye kinabaki, kama kinabaki.”

Nje mtu aliita jina la mtu mwingine huko chini majini, mara moja, na sauti ikapotea. Delphin alipozungumza, alizungumza lugha ya hesabu aliyokulia nayo Kabare.

“Kumbe iko bwasa.”

Huko kwao shamba hupewa mtu kwa njia mbili. Kwa bwasa analilima msimu hadi msimu kwa malipo: anaweza kupanda maharage, hawezi kupanda migomba, maana mgomba ni wa mtu anayebaki. Kwa kalinzi anatoa ng'ombe, na shamba linakuwa lake na la watoto wake.

“Bwasa ya miaka kumi na tano,” alisema Delphin, “na siku ya mwisho inageuka kalinzi. Ukianguka njiani, ulikuwa unalima tu.”

Cibalonza alifikiri juu ya maneno hayo, akitafuta kosa. Hakuliona.

“Ndiyo,” alisema.

Delphin alisimama, akafungua mlango wa jikoni, akatoka uani. Ua ulikuwa mpana, umezungushiwa ukuta wa mawe, majani yake yakiwa na umande. Alitembea hadi katikati, akageuka polepole.

“Viti mia mbili,” alisema. “Na turubai mbili. Na wapishi kule.”

Ilikuwa mara ya kwanza kuyataja waziwazi matanga ya mama yake. Cibalonza alisimama mlangoni, chaki imemganda vidoleni.

“Na ua nao uko ndani ya hati, Papa Larissa.”

“Nimesikia.”

Ukungu uliokuwa umebaki ulipita juu ya ukuta, ukamfunika Delphin hadi kiunoni, ukamwacha. Kisha akarudi ndani, akatafuta ndoo, na mume na mke wakaosha chaki kwenye sakafu ya mwalimu mstaafu.

Nyumbani Nkafu walimkuta M'Zagabe juu ya kitanda, amejifunika kitenge, akichambua maharage. Delphin aliketi chini karibu naye.

“Mama, nyumba ya Nguba tumeiacha. Kwanza tungoje.”

“Ile yenye ua?”

“Ile.”

Mama aliendelea kuchambua.

“Ulikuwa unataka kuinunua ju yangu,” alisema.

Cibalonza alitaka kutoka, lakini mama mkwe alimwonyesha kwa jicho abaki.

“Kredi ilikuwa ya miaka ngapi?”

“Kumi na tano, mama.”

“Kumi na tano.” M'Zagabe aliacha maharage, akawatazama mmoja baada ya mwingine. “Sasa mulikuwa munataka nikufe wakati gani? Mwanzo, wakati deni ingali mubichi? Ao ningoje mpaka mumalize? Mutu anieleze, nijipange.”

“Mama, usiseme vile.”

“Nani alisema? Miye nakohoa tu. Weye ndiye ulikwenda banki.” Alikohoa kidogo, kama kwa ushahidi, akamgeukia Cibalonza. “Mwalimu, ile feza yenye muko nayo inanunua nini, bila kumuomba mutu?”

“Kiwanja, mama. Kule juu, mbali na ziwa. Na chumba kimoja, halafu kingine mwaka unaofuata, kama tunajenga polepole.”

“Ua?”

“Ua utakuwapo. Mwanzoni utakuwa mkubwa kuliko nyumba.”

M'Zagabe alirudia maharage yake, akatoa jiwe moja, akaliweka pembeni.

“Basi muanze na choo,” alisema. “Watu wa matanga wanakunywaka sana.”

Delphin aliinamisha uso kwenye ukingo wa kitanda, na mabega yake yakaanza kutikisika. Cibalonza alimtazama vizuri kabla hajaamini kwamba anacheka.