Karakana ya Ukungu

Usiku wa jana, muda mfupi baada ya umeme kukatika na feni kusimama, niliota nimeajiriwa kufinyanga ukungu. Sikuwa nimeiomba kazi hiyo. Mimi nauza dawa kwenye duka moja la Temeke, na ukungu mara ya mwisho niliuona miaka mitatu iliyopita kwetu Makete, siku niliyogombana na baba.

Niliingia dukani kwa mlango wa nyuma, nikatokea darasa la tatu la shule yangu ya msingi. Madawati yamesukumwa pembeni. Ukungu umejaa mpaka usawa wa madirisha, na mafundi wanaukata mapande, wanaukanda, wanausukuma kama chapati. Fundi mkuu alikuwa koti. Koti zito la kijivu, la mtumba, lisilo na mtu ndani.

"Umechelewa, Ezelina," likasema kupitia ukosi.

"Shikamoo," nikasema, maana lilikuwa koti la makamo.

"Marahaba, mwanangu. Unajua hapa tunafinyanga nini?"

"Sijui."

"Maneno. Mtu akisema kwenye baridi, mvuke unamtoka kinywani. Ninyi mnadhani unapotea. Unashuka zake bondeni, na sisi tunaukusanya, tunawafinyangia watu walioishiwa maneno."

Nikashtuka. Baba yangu, Mzee Tweve, ameishiwa maneno tangu mwaka jana, kiharusi kilipomwangusha zizini. Hata "ndiyo" haimtoki. Nikaliomba koti, kwa adabu zangu zote, niruhusiwe kumfinyangia baba neno moja tu.

"Kanuni iko ukutani," likajibu.

Ukutani paliandikwa: UKUNGU HUFINYANGWA KWA MIKONO MITUPU.

Nikavua saa, nikavua pete. Nikaushika ukungu, ukaniponyoka. Nikafuta rangi ya kucha, ukaniponyoka tena. Nikabandua mistari ya kiganja cha kushoto, nikaikunja vizuri na kuiweka juu ya dawati.

"Bado una kitu," likasema birika lililokuwa likichemka juu ya jiko pembeni mwa darasa. Kumbe ndilo mkaguzi.

"Sina kitu, jamani."

"Mkono wa kulia. Umeufumba tangu ulipoingia."

Kweli, nilikuwa nimeufumba. Nikajaribu kuufumbua, nikashindwa. Sasa hatuko darasani tena, tuko mlangoni kwa baba, Makete, asubuhi na baridi yake. Mafundi wamepanga foleni nyuma yangu, kila mmoja na pande lake la ukungu, wananisubiri.

Nakunjua kidole kimoja kimoja. Ndani kuna sentensi, ndogo, ngumu kama kokoto. Koti linainama na kuisoma kwa sauti mbele za watu, bila haya.

"'Nikija tena hapa, nitakuja kuzika.'"

Birika likaacha kuchemka.

"Ni yako?" likauliza koti.

"Ni yangu."

Nilimwambia baba maneno hayo palepale mlangoni, kwa sababu alikataa kuja kwenye harusi yangu. Nikapanda gari nikaondoka. Alipougua sikwenda. Watu wanadhani nina moyo mgumu, lakini mimi ni mwoga tu: naogopa kwamba nikikanyaga pale, itakuwa kweli nimekwenda kuzika. Sijawahi kumwambia mtu jambo hilo, hata mume wangu, na sasa nalieleza koti.

"Yameshatoka," nikasema. "Maji yakimwagika hayazoleki."

"Hayo ni maji," likajibu koti. "Sisi tuko idara ya ukungu."

Birika likaimeza ile sentensi, likaitokosa polepole, ikagongagonga tumboni mwake mpaka ikalainika. Halafu ikatoka mdomoni mwa birika ikiwa mvuke mweupe, nikaudaka kwa mikono miwili. Haukuponyoka.

Nikaanza kufinyanga "nimekusamehe". Koti likanizuia kwa mkono wake usio na mkono ndani.

"Hilo neno la nani?"

"La baba."

"Amekwambia?"

"Hapana."

"Basi ni lako wewe unayelitamani. Mfinyangie chombo kitupu. Cha kutia atakijua mwenyewe."

Nikafinyanga kikombe. Kikapinda upande mmoja, nikaomba radhi. Koti likasema vya kwanza vyote hupinda, likabisha hodi, mlango ukafunguka, nami nikaamshwa na simu.

Alikuwa mama. Saa kumi na mbili kasoro, na alikuwa analia huku anacheka.

"Eze! Baba yako kaongea!"

"Kasema nini, mama?"

"Nimempa kiazi, katafuna, kaniangalia, kasema, 'Chumvi.' Mwaka mzima hana neno, leo analitoa lake la kwanza, ananilalamikia chumvi!"

Nikacheka, kisha nikalia, nikakaa kitandani nimeishika simu kwa mikono yote miwili.

"Lakini mwanangu, kuna kitu sikielewi," mama akasema, sauti ameishusha. "Tuko hapa jikoni, moto unawaka, mimi jasho linanitoka. Alivyosema, mvuke mweupe umemtoka kinywani kama mtu aliye nje kwenye baridi. Na haujaondoka. Uko hapa mbele yake, umesimama tu."

"Usiupepee, mama," nikamwambia. "Mwambie baba nakuja. Mwambie nakuja kula viazi."