Filamu ya Mgongo wa Mjane

Mdogo wangu Shunsaku alikuwa mtengeneza filamu, na kampuni yake ilikuwa imemchoka. Safari hii alikuwa ametengeneza filamu ya mjane aliyefiwa na mwanawe, na tangu mwanzo hadi mwisho uso wa yule mjane hauonekani. Ni mgongo tu. Bwana Iwabuchi, mkubwa wake, alimwambia watu huja sinema kuona nyuso. Shunsaku akaomba ionyeshwe kwanza kwa watu wa kwetu Sakata. Wakitoka kabla haijaisha, filamu itupwe, naye ataacha kazi hiyo moja kwa moja.

Basi tukaionyesha kwenye bafu langu la mtaa, ambako majirani hulipa kuja kuoga pamoja, siku tusiyopasha maji. Nikatundika shuka ukutani upande wa wanawake, nao wakaja na watoto wao. Bwana Iwabuchi akapewa mto wa kukalia. Shunsaku alijibanza nyuma, kwenye makabati ya viatu, rangi imemtoka.

Mwanzoni kimya. Halafu mjane akaanza kulia, mgongo wazi, mabega yakipanda na kushuka, na Hatsue muuza samaki akasema kwa sauti, "Jamani, mgongo huo haujasuguliwa tangu mwaka jana. Kwani hana jirani?"

Wakaangua kicheko wote, maana sisi husuguana migongo kila jioni. Shunsaku akainamisha kichwa. Mimi nami nikasema moyoni, mtoto wa mama yangu kwisha habari yake.

Lakini hakuna aliyeinuka. Mjane alipofunga mkanda wa kimono vibaya wakamwelekeza kana kwamba anawasikia, kaza mama, kaza. Alipoketi akapakua wali mabakuli mawili, moja akalisogeza mahali pasipo mtu, kicheko kikakatika. Hatsue, ambaye mwanawe alizama baharini, alijifunika uso kwa taulo na hakuiondoa mpaka mwisho.

Taa zilipowaka Bwana Iwabuchi alimuuliza Shunsaku kama alikusudia watu wacheke. Shunsaku hajui kudanganya. Akasema hapana.

"Basi usimwambie mtu," Bwana Iwabuchi akasema. "Tutaionyesha Tokyo. Ila inayofuata, bwana mdogo, nakuomba unionyeshe hata sikio."

Mdogo wangu aliinama kushukuru, akachelewa kuinuka, nikaona mabega yake yanatikisika. Nilimpeleka jikoni. Wiki nzima alikuwa akidonoa chakula tu, lakini jioni ile alikula samaki wa kuchoma na wali mpaka nikamwambia apumue kwanza.