Ufunguo wa Tatu

Sanduku la akiba la akina mama wauza mawese wa mji wa Aba, Nigeria, lilikuwa na kufuli tatu, na kila ufunguo ulikuwa na mwenyewe. Jumapili ile kufuli mbili zilikuwa zimeshafunguliwa. Ya tatu ilikuwa ya Ugoeze, naye alikaa kitako, ufunguo kaufunga kwenye pindo la kitenge chake.

"Mama, unachelewesha watu," alisema Dubem, kijana wa viatu vya kung'aa, huku akiinua simu wote waione. Naira zile, jasho lao la mwaka mzima, za kwendea Krismasi kijijini, alitaka kuzigeuza sarafu za mtandaoni. Mwezi mmoja tu, aliapa, zitazaa mara tano.

"Wivu huo!" alifoka wifi yake Ugoeze, Nwamaka. "Wenzio tunataka kujenga, wewe umeridhika kunuka mawese!"

"Na wewe leo unanuka marashi?"

Wakacheka, lakini kicheko hakikufika mbali. Kila jicho lilikuwa kwenye lile pindo, na Ugoeze alijua akikosea watamchukia mpaka kaburini. Na wachukie basi!

"Dubem mwanangu, mawese hayanunuliwi bila kuonjwa. Mwezi uliopita nilikupa elfu ishirini za kuonja. Zimefika ngapi?"

"Laki moja, mama! Si unaziona hapa?"

"Naziona. Sasa nitolee."

"Kuna ada ya kutolea. Unalipa elfu kumi kwanza, halafu..."

"Ikate humo humo."

"Mfumo haukubali, mama."

"Mfumo gani huo, kupokea unajua, kutoa haujui?"

Jamani! Mtu anasema ana laki yako mkononi, na bado anakuomba elfu kumi ndipo akupe. Hata mwizi wa kuku ana haya kuliko huyo.

Ugoeze akafungua pindo. "Ufunguo huu hapa. Weka laki yangu mezani, uuchukue."

Dubem akatazama ufunguo, akatazama simu. Mtandao unasumbua, alisema, anatoka nje mara moja. Punde wakasikia pikipiki ikiondoka kwa kasi.

"Kwa hiyo zako zimeliwa," alisema Nwamaka, sauti imemshuka.

"Zimeliwa," alijibu Ugoeze, na zilimuuma kwelikweli. Akalipiga sanduku kofi. "Zangu. Zenu hizi hapa. Haya, fungeni kufuli zenu!"